Ngata ya Yakobo

Mkalimani hachezi. Hilo ndilo neno la kwanza nililowafundisha ninyi vijana wawili mnaobaki na kazi yangu, na ndilo neno ambalo mimi mwenyewe nililivunja mara moja tu, mchana kweupe, mbele za watu. Sasa nimeacha kazi. Sikio langu la kushoto halileti tena maneno yote, na mkalimani wa sikio moja ni kama baiskeli ya pedali moja: kwenda inakwenda, lakini watu wanacheka. Basi nisikilizeni kabla sijajifungia kwenye mashine yangu ya kusaga, maana pale Usoke mkija mtakuta kelele tu na unga kwenye nyusi.

Mimi ni Maganga, mzaliwa wa Usinge, mjukuu wa mpagazi. Shule nilifika darasa la pili, ada ikaishia hapo. Kinyamwezi nilinyonya. Kiswahili nilikiokota sokoni Tabora. Kisukuma nilikipata kwa wachunga ng'ombe wa Nzega, Kiarabu cha dukani kwa kubeba magunia, na Kiingereza nilikiiba jikoni kwa Mzungu mmoja wa reli, neno baada ya neno, kama mtu anavyodokoa nyama sufuriani. Kutoka Tabora mpaka Kigoma hakuna mtu anayeweza kusema Maganga alimtafsiria vibaya. Kama yupo, ajitokeze. Miaka yote hii sijamwona.

Habari za vyeo na mshahara sitawaeleza. Hayo mtayajua wenyewe, na hayatawachukua muda.

Nitaanza na siku ya kwanza ya kazi kubwa, alipofika yule Mzungu ambaye Tabora nzima tulimwita Bwana Michezo. Mimi nilimwita Dokta, ingawa hakuwa na sindano. Alikuwa mtaalamu wa mambo ya jamii za watu. Wazungu wengine walikuja kuhesabu vibanda, kupima mashamba, kutibu malale, kuhubiri. Huyu nilipomuuliza amekuja kwa shughuli gani akasema, "Nimekuja kutazama watu wanavyocheza." Nilimwomba arudie. Kwa mara ya kwanza maishani nilidhani Kiingereza changu kimeoza.

Siku hiyo yote alikaa kwenye kigoda chake cha kukunja nyuma ya soko, akitazama wazee wawili wakicheza bao. Mimi nimesimama juani. Mzee mmoja akaondoka kwa hasira, hata kuaga hakuaga.

"Kwa nini amekasirika?" Dokta akauliza.

"Ameliwa, Bwana."

"Ameliwa nini?"

"Kete zake."

"Lakini kete ni mbegu tu."

"Nje ya bao ni mbegu," nikamjibu. "Ndani ya bao ni mali."

Akanitazama kama mtu aliyepewa mbuzi bure. Kumbe hilo ndilo lililomtoa kwao. Aliniambia, na aliendelea kuniambia miaka yote tuliyofanya kazi pamoja, kwamba binadamu kila mahali anachora mstari chini na kusema: ndani ya huu mstari kuna sheria nyingine. Mbegu inakuwa mali, kitambaa kinakuwa bendera, mtu wa kawaida anavaa ngozi ya chui na watu wanapiga magoti. Watu, alisema, walianza kucheza kabla hawajaanza kulima, na mahakama, vita, arusi na maombi vyote vilizaliwa uwanjani.

Siku moja tulikwenda barazani bomani. DC amevaa kofia yenye manyoya ya ndege, askari wanapiga tarumbeta, watemi wamepangwa kwenye viti kwa ukubwa wa heshima zao.

"Na huu ni mchezo, Bwana?" nikamnong'oneza.

"Hasa huu," akasema.

Sikumtafsiria DC. Vijana wangu, nusu ya ukalimani ni kujua la kumeza. Siku nyingine tukipita karibu na kanisa akaniambia kwamba ibada ni mchezo ambao wachezaji wake wamekatazwa kuuita mchezo. Hilo nalo nililimeza. Mke wangu ni Mkatoliki.

Vifaa vyetu vilikuwa vichache: kile kigoda, kamera, ugoro wa kuwasalimia wazee, kasha lenye nyasi kavu la kuwekea vitu alivyokusanya, na mashine ya kunasa sauti, nzito kama maiti. Lakini chombo changu kikubwa hakikutoka Ulaya. Nilikipata mtaa wa Chemchem, mjini Tabora, kwa Bi Zuhura.

Bi Zuhura alikuwa mkuu wa ngoma za wanawake pale mjini, mama mnene mwenye sauti ya kutuma watoto mtaa wa tatu. Nilikwenda kwake kijana mwenye majivuno, na kwa kweli nilikuwa na sababu ya kujivuna, nikaanza kumuuliza ngoma zake zinaanzaje.

"Wewe kichwa maji," akaniambia. "Kila mjinga anajua ngoma inavyoanza. Inaanza kwa kelele! Uliza inaishaje. Utaingiaje nyumba ya watu hujui mlango wa kutokea?"

Tangu siku hiyo, popote tulipokwenda, swali langu la kwanza lilikuwa hilo: mchezo huu unaishaje? Lilinisaidia kwa waswezi, wale wacheza ngoma za mizimu, likanisaidia kwa wacheza nyoka. Kijijini kwa mzee Kasonta niliuliza vilevile. Nikajibiwa. Na jibu ndilo lililotuponza sote.

Kijiji hicho kiko nje kidogo ya Usoke, pale njia ya zamani ya misafara inapopita kando ya reli. Njia yenyewe siku hizi ni mkanda mwembamba tu msituni, lakini miti haijakubali kuota juu yake. Watu wa pale, Wamoravian kwa Wakatoliki, wana mchezo wao. Kila mwaka wakishavuna, vijana wanafunga mizigo, wanavaa ngata vichwani, ile duara ya majani inayokaa kati ya kichwa na mzigo, na wanatembea njia ya babu zao. Mbele yupo kirangozi, mwongoza msafara, na baragumu lake la pembe. Hapo alikuwa Kasonta, mtu mfupi, mkavu, mwenye maneno makali.

Njiani mmoja wao anaanguka chini ya mninga. Anajifanya mgonjwa. Kirangozi anamvua ngata, wenzake wanagawana mzigo wake, na msafara unakwenda bila mtu kugeuka nyuma. Ndivyo ilivyokuwa zamani kweli, babu yangu alinieleza: aliyeshindwa kutembea aliachwa na kibuyu cha maji, na hakuna aliyesema jina lake mpaka Ujiji. Lakini kwenye mchezo, wakifika kambini, kirangozi anapiga baragumu, na msafara unarudi. Wanamvika ngata yake, wanamwinua, wanakwenda naye kambini. Kila mmoja akishusha mzigo anasema "Nimetua," na wanawake wanampa maji. Kisha kirangozi anauliza, "Nani bado yuko njiani?" Yule aliyerudiwa ndiye anayejibu: "Hakuna." Hapo watu wanacheka, pombe inatoka. Mchezo umekwisha.

Dokta aliposikia habari hiyo hakulala. Lakini tulifika masika, na likizo yake ya kwenda kwao ilikuwa imekaribia. Nikamwomba Kasonta.

"Msimu bado," akasema. "Mtama uko shambani."

"Mzee, anataka kuona tu. Apige picha."

Kasonta akacheka, akawageukia vijana. "Mnasikia? Tumchezee Bwana Michezo mchezo wa mchezo!"

Wote wakacheka. Nikauliza swali la Bi Zuhura: "Na huo unaishaje?"

"Huo hauishi, Mswahili wa Chemchem, maana hauanzi. Huo ni kuonyesha."

Nikatafsiri. Dokta akasema, "Sijui kama mstari unajua tofauti." Kisha akaifungua kamera.

Wa kuanguka alikuwa Yakobo, rafiki yangu, mrina asali, mtu wa mizaha kupita wote. Alianguka vizuri mno. Alikoroma, akatoa ulimi, akaomba apelekwe kwa mama mkwe wake akafie huko amtie hasara. Vijana walikuwa wakibana mbavu. Kasonta akamvua ngata, msafara ukapita, sisi na kamera tukaufuata. Kabla hatujafika kambini mvua ikashuka, mvua ya mawe, ya kupasua mabua. Kila mtu na njia yake. Tulikimbilia stesheni, na garimoshi la Tabora likatukuta pale. Kasonta alikuwa bado na ngata mkononi, inachuruzika maji. Akampa Dokta.

"Chukua, ukawaonyeshe kwenu jinsi babu zetu walivyobeba nchi hii kichwani."

Nikaiweka kashani, kwenye nyasi kavu. Yakobo, tulijua, amekwenda zake nyumbani.

Juma lile halikwisha. Asubuhi moja niko Chemchem nakunywa uji, mtu akabisha hodi. Alikuwa Sesilia, mke wa Yakobo, ameteremka kwenye garimoshi, khanga imelowa mpaka magotini.

"Karibu shemeji. Kuna heri?"

"Sijui kama ni heri, shemeji. Kaka yako hajarudi nyumbani."

"Amepotea?"

"Hajapotea. Namwona kila siku. Yuko chini ya mninga." Hakulia. Alikuwa anaongea kama anayesoma. "Nikimpelekea chakula ananishukuru. Ananiita mama mpita njia. Ananiuliza kama huko nilikotoka nimekutana na msafara. Vijana walimbeba mpaka ndani, wakamlaza kitandani. Asubuhi nikamkuta kule kule. Mganga wa zahanati kamtazama macho, kamtazama ulimi, anasema ni mzima. Mzima gani huyu? Anapungua, shemeji. Anaisha."

Dokta alikuwa anafunga mizigo yake ya kwenda pwani. Nilipomweleza alikaa juu ya sanduku. Alifungua lile kasha, akatoa ngata. Majani yake yalikuwa mabichi. Tangu siku ya mvua ile ilikuwa kwenye nyasi kavu, na ilikuwa mbichi kama imekatwa alfajiri ile, na ya moto kidogo, kama kitu kilichotoka kichwani mwa mtu sasa hivi.

Tulipanda garimoshi siku hiyohiyo.

Nilikwenda mninga peke yangu kwanza. Jua lilikuwa la utosi. Msitu umenyamaza, hata nyuki, na pale Yakobo ana mizinga yake, hawakuvuma. Alikuwa amekaa, shingo imenyooka kama ya mtu mwenye mzigo.

"Habari za njiani?" akanisalimu.

"Yakobo, ni mimi, Maganga."

"Maganga namjua. Yuko mjini." Akanitazama miguuni. "Wewe umetangulia au umebaki?"

Vijana, mimi nimetafsiri kesi za mauaji. Mimi sikosi neno. Pale niliitazama miguu yangu mwenyewe, nihakikishe imeelekea wapi.

"Kama umebaki, kaa," akasema, akajisogeza upande, kisha akasogea tena, kama mtu kwenye benchi lililojaa. Akamwambia mtu ambaye sikumwona, "Mpishe na yeye. Kivuli kinatosha."

Nilirudi kijijini kwa miguu ya haraka ambayo sitaki kuiita mbio.

Kasonta alikuwa ndani, mlango umeegeshwa. "Shikamoo, mzee." "Marahaba." Sauti yake haikuwa na makali tena. Nikamwambia tumeleta ngata, wapige baragumu, wamrudie.

"Unajua unachoomba?" akaniuliza. "Misafara ya kweli haikurudi. Babu zetu walipita wameziba masikio. Ndiyo maana sisi tunacheza kwamba msafara unarudi. Kila mwaka tunamrudia mmoja, tunayemjua, ambaye tukimwinua anacheka. Wale walioachwa zamani huko kando ya njia wanaona, wanajua ni mchezo, wanatulia. Safari hii tumemwacha mtu kweli. Tukimrudia aliyeachwa kweli, wengine watasikia kwamba msafara umerudi."

Nikamtafsiria Dokta neno kwa neno. Sikumeza hata moja.

Sesilia alikuwa mlangoni. "Na wasikie!" akasema. "Babu, mimi namtaka mume wangu. Hao wengine kama walikuwa na wake, wake zao walikaa wakingoja hivihivi."

Kasonta akainuka. Akachukua baragumu ukutani.

Ilionekana mara moja kwamba watu hawatoshi. Kijana aliyebeba mzigo wa mwisho alikuwa amekwenda Tanga, manamba kwenye mkonge, na msafara lazima uwe kama ulivyokuwa. Macho yote yakanigeukia mimi.

"Mkalimani hachezi," nikasema.

"Basi tafsiri hivi," Kasonta akajibu. "Mwambie yule mama mumewe abaki pale."

Nikajifunga ngata. Dokta akaiacha kamera kwa stesheni masta, akaomba naye abebe. Kasonta akaniuliza kwa Kinyamwezi kama ataweza. Nikasema sijawahi kumwona akibeba hata mwavuli wake. Wakacheka kidogo, na hicho kilikuwa kicheko cha mwisho siku ile. Wakamtwika mashine ya sauti. Hakulalamika.

Tulitoka kambini tukarudi kwa njia ile ile, mchana, matope yakituvuta miguu. Yakobo alitusikia mbali, tulimkuta amesimama. Kasonta hakusema maneno ya mzaha kama ya kila mwaka. Alisema tu, "Tulikuacha. Tumerudi." Akamvika ile ngata, vijana wakamrudishia mzigo wake. Yakobo akafumba macho, machozi yakashuka, akasema, "Mmechelewa sana." Ilikuwa sauti ya mzee, na ilikuwa na lafudhi ya zamani, Kinyamwezi cha babu yangu.

Tukageuka. Mimi ndiye wa mwisho, na wa mwisho hageuki nyuma; hakuna anayegeuka. Hatua chache tu, nikasikia mguu ukichomoka matopeni nyuma yangu. Chwa. Halafu mwingine. Nikajiambia ni mwangwi. Lakini mwangwi haukohoi. Mwangwi haubadilishi mzigo bega kwa bega na kuguna. Kila tulipopita kichaka, mti mkubwa, kijito, niliwasikia wakiingia njiani, mmoja mmoja, mpaka nyuma yangu kukawa na mshindo kama wa mvua ya mbali. Pumzi ya mmoja ilinigonga sikioni, la kushoto, hili hili. Ilikuwa baridi. Mbele, shingo ya Dokta imelowa jasho, na kwa jinsi alivyokuwa ameikaza nilijua anasikia.

Tukafika. Wanawake wamejipanga na vibuyu vya maji, Sesilia wa kwanza. Kasonta akashusha: "Nimetua." Akanywa. Wakafuata vijana. Dokta akashusha mashine yake, akalitamka vizuri kuliko neno lolote la Kiswahili alilowahi kusema: "Nimetua." Yakobo akashusha, Sesilia akampa maji, naye akamtazama mkewe, akamwita, "Sesi." Tangu aanguke hakuwa amelitaja jina hilo. Mama wa watu akamshika mkono kwa nguvu, hakuuachia. Nikatua mimi.

Kasonta akauliza, "Nani bado yuko njiani?"

Sote tukamgeukia Yakobo. Neno lenyewe ni moja. Hakulisema. Alikuwa anatazama juu ya bega langu, kule tulikotoka, na macho yake sasa yalikuwa ya Yakobo kabisa, macho ya mtu aliyefikiwa na wageni wengi nyumbani kwake.

"Karibuni," akasema. "Karibuni. Tueni."

Nikasikia mizigo ikishuka. Mmoja, halafu mwingine, halafu mingine nyuma yake, mshindo ukirudi mbali kufuata njia, mpaka huko msituni.

Mchezo ulikuwa umekwisha kwetu tuliokwishatua, kwa hiyo niligeuka. Hapakuwa na mtu. Lakini ile njia nyembamba tuliyoipita mtu nyuma ya mtu ilikuwa imekanyagwa pana, imevurugika, kama njia ya mnadani ng'ombe wakishapita.

Hakuna aliyekimbia, na sababu ni Sesilia. Alikitazama kibuyu chake, akaitazama njia, akaanza kumwaga maji chini, kidogo hapa, kidogo pale, kama anayempa kila mtu fungu lake. Kilipoisha akanigeukia mimi niliyekuwa karibu.

"Shemeji," akasema, "maji haya hayatatosha."

Nikachukua debe nikaenda kisimani. Dokta akachukua la pili. Tulichota, tukarudi, tukachota tena, mpaka jua likapinda na Yakobo akatazama njia nzima, akasema, "Hakuna."

Kwenye garimoshi Dokta aliniuliza jambo moja tu. "Maganga, ule ulikuwa mchezo?"

"Hasa ule, Bwana," nikamjibu.

Yakobo yupo, anarina, ana mizaha yake, mama mkwe wake bado anamkwepa. Nanyi mtakwenda pale siku moja na wataalamu wenu wapya, baada ya mavuno. Mtakuta mitungi ya maji imepangwa kando ya njia, mingi kuliko watu wa kijiji kile. Msiulize ni ya nani. Wekeni kamera chini, chukueni debe.